Jirani Mwenye Kiberiti: Mkosaji katika Riwaya za Mfarakano wa Jamii

Katika majibu ya watahiniwa kuhusu riwaya zinazosawiri mfarakano wa jamii, kuna methali isiyokosekana: wapiganapo fahali wawili, ziumiazo nyasi. Mtahiniwa huiandika, akaeleza kwamba fahali ni wanasiasa na nyasi ni wananchi, kisha akahamia hoja nyingine. Msahihishaji naye hutoa alama, kwa kuwa hoja ni sahihi. Wanasiasa huchochea, na raia huumia.

Hata hivyo, methali hii ikiachwa peke yake huficha jambo. Nyumba ya Ridhaa katika Chozi la Heri haikuteketezwa na fahali. Waliohusika ni watu aliokuwa akisalimiana nao kila asubuhi. Ikiwa mwananchi ni nyasi tu, ni nani basi aliyeshika kiberiti?

Makala haya yanakusudia kulitumia swali hilo kuzipima baadhi ya riwaya zinazofaa kusomwa na mwalimu na mtahiniwa kuhusu vita vya ndani na jamii zilizogawanyika. Tunashikilia kwamba riwaya bora ya aina hii si ile inayoukemea ukabila kwa sauti kubwa zaidi. Ni ile inayotuwezesha kumwona mkosaji kuwa mtu tunayemfahamu: ana jina, ana historia, ana hofu zake, na alikuwa na nafasi ya kuchagua. Riwaya ikimwacha mkosaji kuwa kivuli tu, humpa msomaji faraja isiyo ya kweli, kwamba uovu hutendwa na watu wengine, wa mahali pengine, wasiofanana naye.

Riwaya ya kihistoria ni ipi?

Kabla ya kuzitazama riwaya zenyewe, hatuna budi kuifafanua istilahi. Si kila riwaya inayotaja tukio la zamani ni riwaya ya kihistoria. Mhakiki wa Hungaria, Georg Lukács, katika kitabu chake kuhusu riwaya ya kihistoria alichokiandika katika miaka ya 1936 na 1937, alizichunguza riwaya za Walter Scott, ambaye Waverley yake ilitoka mwaka wa 1814. Alitambua kwamba shujaa wa Scott aghalabu si mfalme wala jemadari. Ni mtu wa wastani, anayejikuta katikati ya kambi mbili zinazopigana, mwenye jamaa au marafiki huku na huku. Kupitia kwake msomaji huziona kambi zote mbili kwa ndani. Historia kubwa ya taifa hupimwa kwa maisha madogo ya mtu huyo.

Nadharia hii ina manufaa kwetu. Inatuelekeza kumtafuta mhusika wa katikati katika kila riwaya na kumuuliza maswali mawili: anatuonyesha nini kuhusu upande wa pili, na yeye mwenyewe ana hatia gani?

Riwaya za mfarakano tunazozisoma zina sura mbili. Zipo zinazotaja nchi, miaka na matukio bila kuficha. Zipo pia zinazovaa barakoa, yaani zinazobuni nchi na makabila ambayo hayapo katika ramani yoyote. Sura zote mbili zina faida na gharama zake.

Zanzibar: Kasri ya Mwinyi Fuad na Haini

Tuanze na Zanzibar, kwa kuwa ndiko tunakopata mojawapo ya mifano ya wazi kabisa ya riwaya ya kihistoria ya Kiswahili. Visiwa hivyo vilipata uhuru kutoka kwa Waingereza tarehe 10 Desemba 1963. Katika uchaguzi wa Julai mwaka huo, chama cha Afro-Shirazi kilipata zaidi ya nusu ya kura, lakini viti vichache kuliko muungano wa wapinzani wake. Tarehe 12 Januari 1964 Mapinduzi yakaipindua serikali ya Sultani, na maelfu ya watu wakapoteza maisha.

Kasri ya Mwinyi Fuad ya Shafi Adam Shafi, iliyotoka mwaka wa 1978, inasimulia kipindi hicho kupitia shamba la tajiri mmoja. Fuad amelelewa akiamini kwamba dunia iliumbwa imtumikie. Anatukana, anapiga na kudhalilisha. Kwa upande wa usawiri, Fuad ni karibu mhusika bapa: ubaya wake hauna mchanganyiko. Riwaya inauona mfarakano wa Zanzibar kwa jicho la tabaka, mabwana kwa watwana, na hivyo damu iliyomwagika kwa misingi ya asili na rangi haipewi nafasi kubwa. Hapa ndipo mhakiki anapaswa kuwa mwangalifu. Riwaya iliandikwa miaka kumi na minne baada ya Mapinduzi, katika enzi ya siasa ya ujamaa, na inayatetea Mapinduzi hayo. Kulitambua hilo si kuidharau kazi. Ni kuisoma kama hati ya wakati wake.

Mhusika anayeipandisha riwaya hii ni Kijakazi. Huyu ni mtumishi anayeteswa na Fuad, lakini moyo wake umefungwa kwa bwana wake. Hata upepo wa mabadiliko unapovuma, yeye haoni maisha yake nje ya kasri. Mwanafunzi asome sehemu hizo polepole. Aghalabu huwa na haraka ya kuandika kwamba Kijakazi ni mjinga au amekosa mwamko. Lakini Shafi anatuonyesha jambo zito kuliko ujinga. Anatuonyesha kwamba mfumo dhalimu haujengwi kwa mijeledi peke yake. Hujengwa pia kwa mazoea, kwa hofu, na hata kwa aina ya mapenzi. Kijakazi ndiye mtu wa katikati: ni wa tabaka linalonyonywa, lakini utiifu wake ni mmoja wa mihimili ya kasri.

Inafaa Kasri ya Mwinyi Fuad isomwe pamoja na Haini, riwaya ya mwandishi huyohuyo iliyotoka mwaka wa 2003. Tarehe 7 Aprili 1972 Rais wa kwanza wa Zanzibar, Abeid Amani Karume, aliuawa, na watu wengi wakatiwa nguvuni. Shafi mwenyewe alikuwa miongoni mwa waliofungwa. Katika Haini tunamfuata Hamza, mfungwa anayeteswa ili akiri njama dhidi ya serikali.

Kinaya kilichopo kati ya vitabu hivi viwili ni funzo kubwa kuliko kitabu kimoja peke yake. Katika cha kwanza, waliodhulumiwa wanaangusha kasri. Katika cha pili, dola iliyozaliwa na anguko hilo ina magereza yake. Mwandishi hakuukana ukombozi. Alichokifanya ni kukataa kuamini kwamba aliyedhulumiwa jana hawezi kudhulumu leo. Kwa mtahiniwa, huu ni mfano mzuri wa jinsi msimamo wa mwandishi unavyoweza kukua kutoka kazi moja hadi nyingine.

Barakoa ya Kufa Kuzikana

Tukirudi Kenya, tunaikuta sura ya pili, riwaya ya barakoa. Kufa Kuzikana ya marehemu Ken Walibora ilitoka mwaka wa 2003. Nchi ilikuwa imepitia mapigano ya kikabila ya Bonde la Ufa katika miaka ya 1991 na 1992, na ya Likoni mwaka wa 1997. Walibora hakuyataja. Alibuni nchi ya Kiwachema na jamii mbili hasimu, Wakorosho na Wakanju. Katikati yao akaweka urafiki wa vijana wawili, Akida na Tim.

Majina haya ya jamii yana jambo ambalo wanafunzi wengi hulipita bila kulitazama. Mkorosho ni mti tunaoujua sote, na mkanju ni jina jingine la mti huohuo. Wakorosho na Wakanju, kwa hiyo, ni watu wa mti mmoja wenye majina mawili. Wanauana kwa sababu ya tofauti ambayo kamusi yenyewe inakataa kuitambua. Hii ni jazanda iliyofichwa katika majina ya jamii, na ni tashtiti kali kuliko hotuba yoyote juu ya umoja. Swali likija kuhusu matumizi ya majina au kuhusu kinaya katika riwaya hii, hoja hii isikosekane.

Ubora mwingine wa barakoa ni wa kidarasa. Katika shule zetu nyingi, dawati moja lina watoto wa jamii mbili au tatu ambazo wazazi wao waliwahi kukimbiana. Jina la kubuni huwapa watoto hao nafasi ya kujadili bila kunyoosheana vidole. Hakuna Mkanju katika orodha ya darasa. Kwa sababu hiyo, mwalimu asikubali kamwe mjadala ugeuke kuwa kitendawili cha kutafuta Wakanju ni kabila gani. Anayefanya hivyo anaivua barakoa ambayo mwandishi aliifuma kwa makusudi, na anaweza kuwasha moto ambao riwaya ilikuja kuuzima.

Hata hivyo, barakoa ina gharama. Ikiwa makabila ni ya kubuni, basi sheria za ardhi, chaguzi, na maamuzi ya watu halisi yanaweza kuyeyuka pia. Msomaji anaweza kutoka na wazo kwamba chuki ilianguka tu kutoka mbinguni kama mvua ya mawe. Wajibu wa kurejesha historia hiyo basi unamwangukia mwalimu. Kwa maoni yetu, dakika ishirini za kueleza yaliyotokea nchini kati ya 1991 na 1997 ndizo zinazoifanya Kufa Kuzikana isomwe kama riwaya ya kihistoria. Bila maelezo hayo, hugeuka kuwa hadithi nzuri ya urafiki tu.

Mzee Kedi katika Chozi la Heri

Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007 nchi iliingia katika machafuko. Tume iliyoongozwa na Jaji Philip Waki ilihesabu vifo 1,133, na mamia ya maelfu ya watu wakahama makwao. Chozi la Heri ya Assumpta Matei ilitoka mwaka wa 2014, na ilianza kutahiniwa katika KCSE mwaka wa 2018. Nayo imevaa barakoa, kwani nchi inaitwa Wahafidhina. Lakini barakoa hii ni nyepesi. Kuna uchaguzi unaozua fujo, kuna kambi ya wakimbizi wa ndani, na kuna swali la nani ni mwenyeji na nani ni mgeni.

Hapa Matei amefanya kazi ambayo wengi wetu hatujaipa sifa ya kutosha. Ameeleza chuki ilikotoka. Anatupeleka hadi kwa babu, Mwimo Msubili, mwenye wake na watoto wengi kuliko ardhi aliyokuwa nayo, na kuhamia kwa sehemu ya aila hiyo katika Msitu wa Heri. Anatuonyesha Ridhaa akiwa mtoto wa shule, akitengwa na wenzake kwa kuitwa mfuata mvua. Mtoto anayemwambia mwenzake maneno hayo hakuyabuni. Ameyasikia nyumbani, mezani, kutoka kwa watu wazima. Kabla ya kura yoyote kupigwa, miaka mingi kabla ya Mwekevu kugombea uongozi, maneno yalikuwa yamekwisha kupandwa. Siasa ilikuja kuvuna.

Matei pia amewaweka wanawake katika nafasi ile ya katikati tuliyoitaja. Subira anakataliwa na mama mkwe wake kwa kuwa ametoka jamii nyingine. Selume naye ameolewa katika jamii isiyo yake, na fujo zinapozuka ndoa hiyo inakuwa kosa. Katika riwaya hii mpaka wa mfarakano haupiti mtoni wala barabarani. Unapita ndani ya nyumba, kati ya mume na mke, kati ya bibi na wajukuu wake. Hoja hii ni nzito kuliko ile ya kawaida kwamba wanawake waliteseka.

Lakini turudi kwa swali letu la msingi. Ni nani aliyeshika kiberiti? Riwaya inamtaja. Mzee Kedi, jirani wa miaka mingi, anahusika katika kuangamizwa kwa aila ya Ridhaa. Na hapo ndipo pengo lilipo. Ridhaa tunamjua ndani na nje: tumeambiwa utoto wake, elimu yake, ndoa yake, na machozi yake juu ya majivu. Kedi hatumjui. Hatumsikii akijieleza, hatumwoni usiku wa kuamkia siku ile, na hatuambiwi alilalaje baada yake. Amekuja katika kumbukumbu ya Ridhaa, akatenda, akatoweka. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga walisema, lakini riwaya haifungui nguo hiyo ili tukione vizuri.

Yapo maelezo ya kisanaa. Usimulizi unaambatana na waathiriwa, na mbinu rejeshi inatumikia maumivu yao. Pia kitabu kililengwa kwa vijana, wakati majeraha yalikuwa bado mabichi. Yote hayo ni ya kweli, na hatudai kwamba Matei alipaswa kuandika kitabu kingine. Tunachodai ni kwamba mhakiki alione pengo hilo na kulitaja. Kuhakiki si kusifu tu, na kitabu teule hakiachi kuhakikiwa kwa sababu kimeteuliwa.

Nguu za Jadi ya Clara Momanyi, riwaya nyingine ya barakoa, imesogea hatua moja mbele katika jambo hili. Mfarakano ni kati ya Waketwa na Wakule, lakini Mrima, Mketwa, anashawishiwa na upande wa watawala, anazama katika ulevi na kuitelekeza familia yake. Hapa usaliti unatoka ndani ya jamii inayodhulumiwa, na aliyesaliti anaonekana nyumbani kwake, mbele ya mkewe Mangwasha na watoto wao. Mkosaji anaanza kupata sura.

Mugo na Ugwu: mifano ya kulinganisha

Ili kuona jinsi mkosaji anavyoweza kusawiriwa kwa ukamilifu, inafaa mwalimu wa Kiswahili asiogope kuvuka hadi riwaya zilizoandikwa kwa Kiingereza. Fasihi linganishi si mali ya somo moja.

Ya kwanza ni A Grain of Wheat ya Ngũgĩ wa Thiong'o, iliyotoka mwaka wa 1967. Wakati wa Hali ya Hatari iliyotangazwa tarehe 20 Oktoba 1952, vita vya Mau Mau havikuwa kati ya Waafrika na wakoloni pekee. Vilikuwa pia kati ya mtu na jirani yake, kati ya wapiganaji wa msituni na homugadi waliotumikia serikali, kama mauaji ya Lari ya Machi 1953 yalivyodhihirisha. Ngũgĩ anaiweka riwaya yake katika siku chache zinazotangulia uhuru wa Desemba 1963. Kijiji cha Thabai kinataka kumtukuza Mugo kama shujaa, huku kikimshuku Karanja, aliyekuwa homugadi, kuwa ndiye aliyemsaliti Kihika. Kumbe aliyemsaliti ni Mugo mwenyewe.

Ustadi wa Ngũgĩ ni kwamba anatupeleka ndani ya Mugo kabla hatujaijua siri. Tunaijua upweke wake, hamu yake ya kuachwa peke yake alime shamba lake, na hofu yake. Siri inapofichuka hatuwezi tena kumtupa. Tumekwisha kuishi naye. Na Mugo anasimama mbele ya watu na kukiri, jambo ambalo wengi wenye hatia ndogo kuliko yake hawakuthubutu kulifanya.

Ya pili ni Half of a Yellow Sun ya Chimamanda Ngozi Adichie, iliyotoka mwaka wa 2006, kuhusu vita vya Biafra nchini Nigeria kati ya 1967 na 1970. Adichie alizaliwa mwaka wa 1977, baada ya vita, lakini babu zake wote wawili walifariki katika vita hivyo. Haivai barakoa yoyote. Wahausa, Waigbo, Kano, Nsukka: yote yametajwa. Kuna mauaji ya Waigbo kaskazini mwaka wa 1966, na kuna njaa iliyoua watoto.

Ugwu anaingia katika riwaya akiwa mvulana wa kijijini aliyekuja kuwa mtumishi katika nyumba ya mhadhiri. Tunampenda. Ni mwerevu, mcheshi na mwenye bidii. Kisha vita vinamnasa, anaingizwa jeshini kwa nguvu, na siku moja, pamoja na askari wenzake, anashiriki katika kumnajisi msichana. Mwandishi hamfichi wala hamtetei. Hasemi kwamba vita ndivyo vilivyotenda. Lakini pia hamwondoi katika hadithi. Ugwu anarudi, na anabeba kosa lake hadi mwisho. Mwisho huo unatufichulia kwamba yeye ndiye anayeiandika historia ya vita hivyo. Anayetuhadithia maumivu ya watu wake ana hatia yake pia.

Sehemu hiyo inahitaji busara, na hatupendekezi isomwe kwa sauti darasani. Tunaipendekeza kwa mwalimu. Ukishamsoma Ugwu, utamrudia Mzee Kedi kwa jicho jingine.

Je, kumwelewa mkosaji si kumtetea?

Kuna walimu wenzetu wanaopinga mkabala huu. Wanasema kwamba mwanafunzi aliyepoteza jamaa hapaswi kuombwa kumwelewa aliyemwua. Pingamizi hili ni la haki na halifai kupuuzwa.

Jibu letu ni kwamba kuelewa na kuhalalisha ni mambo mawili. Mahakama huchunguza nia ya mshtakiwa, na kuchunguza huko si kumwachilia. Kinyume chake, mkosaji aliye kivuli ndiye asiyeweza kuhukumiwa, kwa kuwa kivuli hakina mikono. Tukisema kwamba ni wanasiasa waliofanya, au ni ibilisi, au ni vita, tumemwondolea jirani mzigo wake. Riwaya inayompa Kedi jina ndiyo inayotuwezesha kusema: wewe uliweza kukataa. Kwa hakika wapo waliokataa, nchini mwetu na kwingineko, wakawaficha majirani zao darini na jikoni. Ikiwa waliweza kukataa, basi waliokubali walichagua.

Tena, mwanafunzi tunayemfundisha leo huenda siku moja akapewa kiberiti. Tukimfunza kwamba yeye ni nyasi, hatujamfunza la kufanya siku hiyo.

Darasani na katika mtihani

Kwa mwalimu, tunapendekeza zoezi moja. Baada ya kusoma sehemu inayohusu kuteketezwa kwa nyumba ya Ridhaa, wape wanafunzi kazi ya kuandika usemi binafsi wa Mzee Kedi, ukurasa mmoja, usiku wa kuamkia tukio. Masharti yawe mawili: asitaje jamii yoyote iliyopo nchini, na asimfanye Kedi kuwa mwendawazimu. Katika darasa moja la kidato cha tatu tulikojaribu zoezi hili, kurasa za mwanzo zilijaa pombe na bangi. Wanafunzi walitaka Kedi alewe ili wasiwe na la kueleza. Walipoambiwa waandike tena bila kileo, ndipo yalipojitokeza mambo ya shamba, wivu, hofu ya kuonekana msaliti na wenzake, na maneno ya utotoni. Yote hayo yamo katika riwaya. Hawakuwa wameyaona.

Mwalimu asimwombe mwanafunzi yeyote asimulie yaliyowapata nyumbani kwao. Anayetaka kusema atasema kwa hiari yake, na pengine nje ya darasa.

Kwa mtahiniwa, tuchukue swali la mfano: “Mfarakano katika Chozi la Heri haukuanza siku ya uchaguzi.” Thibitisha. (alama 20)

Jibu dhaifu litaorodhesha fujo zilizofuata ushindi wa Mwekevu. Hilo ni kulipa swali kisogo, kwa sababu swali linauliza kuhusu kabla. Jibu zuri litajengwa kwa hoja kama hizi: uhaba wa ardhi katika aila ya Mwimo Msubili na kuhamia Msitu wa Heri, Ridhaa kutengwa shuleni na kuitwa mfuata mvua, Subira kukataliwa na mama mkwe, ndoa ya Selume kuwa dhaifu kwa misingi ya jamii, dhana ya mwenyeji na mgeni inayodumu hata baada ya watu kuishi pamoja kwa vizazi, na ukimya wa majirani walioyasikia maneno ya chuki wakayaacha. Kila hoja itajwe, ielezwe, na itolewe mfano kutoka kitabuni. Methali ya fahali na nyasi inaweza kutumiwa, mradi mtahiniwa aongeze kwamba riwaya inawaonyesha pia raia walioshiriki.

Jambo la mwisho la tahadhari: katika mtihani, baki ndani ya kitabu. Usitaje kabila halisi, chama halisi wala mwanasiasa halisi. Swali ni la fasihi, na Wahafidhina ndiyo nchi unayoulizwa.

Hitimisho

Kwa msomaji anayetaka mpangilio, tungependekeza aanze na Kufa Kuzikana kwa ajili ya urafiki na jazanda ya mti mmoja. Afuatishe Chozi la Heri na Nguu za Jadi kwa ajili ya mizizi ya chuki. Kisha Kasri ya Mwinyi Fuad na Haini, zikisomwa kama jozi. Na mwisho, kwa mwalimu hasa, A Grain of Wheat na Half of a Yellow Sun.

Waandishi wetu wa Kiswahili wamewalilia waathiriwa kwa ufasaha na kwa uaminifu. Wametuonyesha majivu, kambi na mayatima. Riwaya ambayo bado tunaingoja ni ile itakayoingia nyumbani kwa Mzee Kedi, ikae naye mezani, imsikilize akiwaambia watoto wake kuhusu wafuata mvua, na imfuate hadi mlangoni anapochukua kiberiti na kutoka. Itakuwa ngumu kuiandika na ngumu zaidi kuiteua iwe kitabu cha shule. Hadi itakapokuja, kazi ya kumuuliza Kedi maswali imebaki mikononi mwa mwalimu.